Gita Nililoliandika Chakavu

Walimu wenzangu wa idara,

Mmeniomba niache kurasa chache kwenye faili la idara, uzoefu wa mzee kwa faida ya wanaobaki. Nashukuru kwa ombi. Nashukuru pia kwa saa ya ukutani na kwa godoro. Lakini kabla sijaanza niseme lililonikaa rohoni tangu Ijumaa ile ya sherehe: mlimuaga mwalimu wa muziki kwa kukodi kijana mwenye spika mbili na sahani za CD. Ukumbini mlikuwamo walimu wanne wa muziki na wanafunzi waliosoma muziki miaka miwili, na hakuna hata mmoja aliyeshika ala. Nilikaa karibu na spika, nikala pilau. Hotuba zote zilisema mimi ni mtu mpole. Sijui zilikuwa zinamzungumzia nani.

Basi nitaandika, na mtanisoma hivi hivi na hasira zangu. Vyeo na mishahara sitavitaja. Jalada langu la utumishi lipo, anayetaka akalisome. Nitaandika habari za kazi, na mwishoni kuna jambo nataka mlitekeleze kabla matokeo ya wanafunzi hayajapelekwa wizarani. Kuna alama moja niliyoiandika kwa mkono wangu, nayo ni ya uongo. Ili mjue kwa nini ni ya uongo, itabidi mnivumilie tangu mwanzo.

Mimi ni Mrangi wa milimani Kondoa. Nota nilijifunza jeshini, katika bendi ya matarumbeta ya kambi, chini ya sajini aliyekuwa akitufundisha kwa fimbo. Nilipotoka huko nilikuja Dodoma mjini na cheti changu cha kidato cha nne, nikaajiriwa karani wa stoo katika shirika la umma lililokuwa likinunua mazao ya wakulima wa kanda hii. Siku hizo kila shirika lililojiheshimu lilikuwa na timu ya mpira na bendi ya jazz, na wanamuziki wote walikuwa na kazi za kwenye karatasi. Mpiga ngoma wetu alikuwa dereva asiyejua kuendesha. Mwimbaji alikuwa mpima unyevu wa mahindi, na sidhani kama alijua mahindi yanaloa vipi. Mimi peke yangu ndiye niliyefanya kazi zote mbili, ya stoo na ya gita, na ndiyo maana balaa lilipokuja lilipitia mkononi mwangu.

Jazz nasema kwa maana yetu: magita matatu, besi, ngoma, saksafoni, na watu wamesimama wanacheza. Ninyi mliosoma vitabu mnaweza kubishana na jina. Waliokuja kwenye bugi letu, dansi la Jumapili mchana, hawakubishana nalo.

Mpiga solo wetu aliitwa Mzee Ndahani. Alikuwa Mgogo wa Gulwe, mtoto wa mfanyakazi wa reli, na kwenye karatasi za Shirika alikuwa mlinzi wa geti. Alikuwa na koti la kaki na rungu. Rungu lile alilishika kwa mkono wa kushoto siku zote, kwa sababu alisema wa kulia una kazi yake. Siku yangu ya kwanza ukumbini nilifika na kitabu changu cha nota kwapani.

“Shikamoo mzee,” nilimwambia.

“Marahaba. Wewe ndiyo karani unayesoma muziki kwenye karatasi?”

“Ndiyo mzee.”

“Hiyo karatasi inalia?”

“Hailii, mzee.”

“Basi iweke pale dirishani. Kaa hapa uangalie huu mkono.”

Niliuangalia ule mkono wiki tatu. Sikuruhusiwa kugusa gita hata kulipangusa. Nilikasirika, kwa kuwa nilikuwa kijana na nilijiona msomi. Nasema haya kwa ajili ya walimu wapya wanaowapa wanafunzi ala siku ya kwanza ili wasichoke na somo. Waacheni wachoke. Mimi baada ya wiki tatu nilijua kidole gani kinaondoka kabla sauti haijatoka, na ujuzi huo sikuupata kwenye kitabu chochote.

Ukumbi wetu wa mazoezi ulipakana na mashine ya kusaga. Ilikuwa ikinguruma kutwa nzima, na Mzee Ndahani alikuwa amegundua kwamba mngurumo ule ni sauti moja isiyobadilika, au haibadiliki sana. Akakaza uzi wake wa nne ulingane na sauti hiyo, na bendi nzima ikamfuata. Mahindi yakisagwa tulikuwa sawa. Ukiletwa uwele mwingi mashine inalemewa, sauti inashuka kidogo, na sisi tunashuka nayo. Mpiga saksafoni alikuwa akilalamika kwamba ala yake haisagi nafaka. Nilipofika siku moja na chuma cha kupimia sauti, kile cha meno mawili, Mzee alikigonga gotini, akakisikiliza, akasema kina sauti nzuri lakini pumzi yake fupi, akanirudishia.

Alikuwa na desturi moja ambayo wapenda dansi wote wa Dodoma waliijua. Mtu akikosea sauti mazoezini, hata kama ni yeye mwenyewe, Mzee hakufoka. Aliweka gita chini, akatoka hadi kwenye mtungi uliokuwa mlangoni, akachota maji kwa kikombe cha bati, akanywa taratibu, akarudi, tukaanza upya tangu mwanzo wa wimbo. Bendi yote ilisubiri. Siku niliyoruhusiwa kupiga gita la ridhimu kwa mara ya kwanza alikunywa maji hadi mtungi ukaisha, na mwimbaji akaniambia niende mimi nikaujaze. Mbele za watu, katika miaka yote niliyokaa naye, sikumsikia akikosea hata mara moja. Hilo mlishike, kwa sababu nitalirudia.

Miaka ile ya shida ya bidhaa hakukuwa na nyuzi za gita. Tulichambua waya wa breki ya baiskeli, tukatoa nyuzi nyembamba, tukazichemsha ziondoke grisi, tukazifunga. Zilikata vidole. Gita la Mzee lilikuwa jekundu, limenunuliwa na Shirika likiwa jipya, na kila Jumamosi alilisugua kwa nta ya kupigia sakafu hadi ukaweza kunyolea ndevu mbele yake. Lilikuwa na namba ya Shirika nyuma, imeandikwa kwa rangi nyeupe, sawasawa na meza na mizani. Yeye hakulijali hilo. Alisema hata ng'ombe wana alama.

Baadaye chuo hiki cha ualimu kilikosa mwalimu wa muziki, na Shirika likaniazima nije mchana, mara mbili kwa wiki. Ndivyo nilivyoanza kazi mnayoijua. Nikirudi jioni namkuta Mzee getini, ananiuliza leo nimefundisha nini. Namwambia. Anacheka. Siku moja nikamwambia nitayaandika mapigo yake yote kwa nota, wimbo kwa wimbo, ili niyafundishe chuoni.

“Utaandika lini?” aliniuliza.

“Likizo hii, mzee.”

Kila likizo nilimwambia hivyo hivyo, naye kila likizo aliniuliza mara moja tu na hakurudia. Sikuandika hata wimbo mmoja. Mkiwa na mzee wa namna hiyo karibu yenu, andikeni leo leo. Sitaki kusikia habari za likizo.

Kisha ikaja enzi ya ruksa, biashara zikafunguliwa. Msitegemee niwaambie ilikuwa mbaya yote. Mimi pia nilivaa mitumba na nilinunua redio. Nyuzi za gita zilijaa madukani pale Majengo, seti kwa seti, na mimi niliyekuwa nikichemsha waya wa breki nilisimama mbele ya kaunta nikikaribia kulia. Lakini mwaka uleule nyuzi zilipojaa, waliokuwa wakipiga walianza kupungua. Mtu mmoja mwenye kinanda cha umeme alifanya kazi ya watu wanane, harusi ikaisha, watu wakala, hakuna aliyelalamika. Ukumbi mmoja ukawa ghala la marobota ya nguo, mwingine ukawa wa kuonyesha video za karate. Na mashirika yakaanza kuuzwa, likiwamo la kwetu.

Tuliambiwa mnunuzi anataka maghala na mizani ya magari. Bendi hakuitaja. Ikaja fomu ya kuorodhesha mali zote na hali zake, na aliyetakiwa kuijaza na kuweka sahihi ni karani wa stoo. Kulikuwa na safu nne: nzuri, wastani, mbaya, chakavu. Nilipokuwa najaza upande wa meza na viti, ofisa utawala wetu alinikuta kwenye korido, akanishika bega.

“Mwalimu, vyombo vya muziki andika chakavu,” alisema.

“Si chakavu, bosi. Vinapigwa kila Jumapili.”

“Nisikilize. Ukiandika vizuri vinaingia kwenye mali ya mnunuzi, kesho anaviuza Dar. Ukiandika chakavu havina hesabu. Vitabaki hapa hapa, mtagawana wenyewe. Nakusaidia, au hutaki?”

Nilitaka. Nilimwamini kwa sababu alivaa tai na alikuwa mteja wetu wa kila Jumapili. Niliwaambia wenzangu, wote wakafurahi, wakaanza kugawana kabla ya siku. Mzee Ndahani peke yake ndiye aliyetikisa kichwa.

“Gita langu si chakavu,” alisema.

“Mzee, ni karatasi tu. Tunaliokoa.”

“Ya wenzangu andika unavyotaka. Langu usiliandike hivyo.”

“Sawa mzee,” nilisema.

Nikaenda ofisini nikaliandika chakavu. Hilo ndilo nililolifanya, na sitafuti neno la kulipunguza. Nilijiambia mzee hajui mambo ya ofisi, na kwamba litakapobaki mikononi mwake atanishukuru. Nikatia sahihi na muhuri.

Ambacho ofisa utawala hakuniambia, na hadi leo sijui kama alikuwa hakijui au alinidharau tu, ni kwamba kitu kilichoandikwa chakavu hakigawiwi. Kinateketezwa mbele ya kamati. Serikalini waliona mali nyingi za umma zinaandikwa chakavu kisha zinaonekana majumbani kwa watu, wakaweka utaratibu huo, na kwa haki niseme wizi huo ulikuwapo. Kamati ilikuja kutoka Dar es Salaam saa nne asubuhi, watu watatu: mwenyekiti mwenye miwani, mama mmoja aliyekuwa akiandika, na kijana wa suti aliyekuwa akitazama saa. Ofisa utawala siku hiyo alikuwa safarini Singida. Bila shaka alikuwa safarini Singida.

Vyombo vilipangwa uani, nyuma ya ghala, juu ya maturubai. Mpagazi mmoja wa ghala alisimama pembeni na shoka. Niliposikia kwamba shoka ni la kazi gani nilijaribu kusema kwamba kulikuwa na makosa kidogo ya uandishi. Mwenyekiti alikuwa tayari ameinama juu ya gita jekundu.

“Hili linang'aa,” alisema. “Nani aliandika chakavu?”

“Mimi, mheshimiwa.”

“Na sahihi hii ni yako?”

“Ni yangu.”

“Sasa nisikilize vizuri, ndugu karani. Kama gita hili ni zima, wewe umedanganya serikali ili uibe mali ya umma. Kule tulikotoka jana tumemkabidhi mtu polisi kwa jambo kama hili. Kama ni bovu kweli, basi, tunaendelea na kazi. Sasa nani hapa anaweza kulipiga, tusikie?”

Nilikuwa na mke na watoto wanne, na wa mwisho alikuwa ananyonya. Bendi nzima ilikuwa pale uani, na kila mmoja aliangalia viatu vyake. Kutoka getini alikuja Mzee Ndahani, amevaa koti lake la kaki. Aliweka rungu ukutani.

“Nitalipiga mimi,” alisema.

“Wewe ni mlinzi?” aliuliza mwenyekiti.

“Ndiyo bwana. Najuajua kidogo.”

Hapo ndipo alipojua kwamba gita lake limo kwenye orodha ya vitu chakavu. Alinitazama mara moja. Hakunitazama kwa ubaya, na ningependa angenitazama kwa ubaya. Akachomeka waya kwenye amplifaya, akakaa kwenye gunia, akainamia nyuzi. Mashine ya kusaga ya jirani ilikuwa ikinguruma, mahindi, sauti ileile yetu. Nikamwona anagusa uzi wa nne. Ulikuwa sawa na mashine, nilikuwa nausikia uko sawa. Akausogeza kidogo tu, hadi ukawa si sauti yoyote. Akafanya hivyo kwa nyuzi zote sita, polepole, huku akikunja uso kama mtu anayehangaika. Kisha akapiga wimbo wetu wa kufungulia dansi, ule ambao watu wakiusikia walikuwa wakiacha soda mezani.

Aliupiga wote. Mwenyekiti alikuwa amedhani atasikia sauti mbili tatu, lakini Mzee aliupiga tangu mwanzo hadi mwisho, na kila mahali palipostahili kuwa na sauti hapakuwa na sauti ile. Vidole vilifika karibu, vikatua pembeni. Palipotakiwa kuwahi alichelewa, palipotakiwa kunyamaza alisikika. Mtu ambaye maisha yake yote aliweka gita chini na kwenda kunywa maji kwa kosa moja, alikosea mbele ya watu mfululizo, kwa makusudi, kwa ajili yangu. Yule mama alianza kucheka, akajifunika mdomo kwa daftari. Kijana wa suti alisema, “Inatosha, jamani.” Mwenyekiti akavua miwani.

“Kweli chakavu,” alisema. “Endeleeni.”

Mzee Ndahani alichomoa waya, akaukunja vizuri, akalaza gita juu ya turubai. Akatembea hadi kwenye mtungi wa ukumbini, tukamwona anachota maji kwa kile kikombe cha bati, anakunywa taratibu. Tulimngoja arudi, kwa mazoea tu. Alitundika kikombe msumarini, akapita geti lake, akaenda zake, rungu akaliacha ukutani. Shoka lilianza na gita jekundu kwa sababu lilikuwa karibu. Mimi nilitia sahihi hati ya uteketezaji, sahihi yangu ya pili mwezi ule.

Watu wananiuliza namchukia nani. Nawachukia wote wa siku ile. Nawachukia wale waliokuwa na haki ya kuzuia wizi, wakazuia wizi kwa kuvunja kitu kizima mbele ya wenyewe, wakaenda kula chakula cha mchana. Namchukia aliyekuwa Singida. Na kila nikinyoa asubuhi namwona mmoja wao kwenye kioo. Miaka michache baadaye nikasikia redioni mtu akisema bendi zetu zilikufa kwa sababu wanamuziki wa zamani hawakutunza vyombo vyao. Nilizima redio nikaenda kunywa maji.

Nilikwenda Gulwe mara moja tu. Chuo kilikuwa kimeniajiri moja kwa moja, na nilikuwa nimenunua gita jipya dukani, nikalipakia kwenye treni, nikambebea. Mzee alikuwa analima uwele. Alinipokea vizuri, akaniita mwalimu, mkewe akanipikia ugali na mlenda. Gita alilitazama likiwa kwenye mfuko wake na hakulifungua.

“Mpe anayepiga,” alisema.

“Wewe ndiye unayepiga, mzee.”

“Mimi nilishapiga.”

Kisha akaniuliza jambo ambalo sikulitegemea.

“Wale wa kamati. Kuna aliyesikia?”

“Kusikia nini, mzee?”

“Kwamba nilikuwa nakwepa.”

Nilimwambia hapana. Aliuliza tena, hata mmoja, na nikamwambia hata mmoja. Akalitazama shamba. Nilikuwa nimekwenda Gulwe nikidhani kilichomuuma ni shoka. Gita lilikuwa limemuuma, lakini hili lilimuuma zaidi: kwamba kazi ngumu kuliko zote alizowahi kuzifanya kwa mikono yake, aliifanya mbele ya watu watatu wenye masikio, nao wakaona mlinzi asiyejua gita. Aliniuliza habari za watoto, tukaongea mvua. Alifariki msimu uliofuata. Barua ya msiba ilinifikia wakati wameshamzika.

Sasa nisikilizeni ninyi wa idara, kwa maana tumefika kwenye alama.

Kila mwaka katika mtihani wangu wa kusikiliza, swali la mwisho, nilipiga gita kipande kirefu chenye makosa, nikawataka wanafunzi waandike makosa yako wapi. Mnakijua kipande hicho. Baadhi yenu mlikifanyia mtihani wenyewe. Hamkuwahi kuuliza nimekitoa wapi. Ni kile alichokipiga Mzee Ndahani uani, sauti kwa sauti. Nyimbo zake nzuri, zile nilizoahidi kuziandika likizo, zimenipotea. Nikikaa nazo napata mwanzo, kati hakuna. Lakini ule wimbo aliouharibu nimeukumbuka wote, na ndio pekee wa kwake ulioandikwa kwa nota. Uko kwenye droo ya chini ya kabati la idara. Nilijidanganya kwamba naupiga kwa sababu ni zoezi zuri. Wanafunzi waliandika makosa kumi, makosa kumi na tano, aliyeandika mengi nikampa alama nyingi, tukaenda nyumbani.

Mwaka huu, katika mtihani wangu wa mwisho kabla ya kustaafu, mwanafunzi mmoja aitwaye Zaina, binti wa wafugaji kutoka Chemba, yule anayekaa nyuma na kuuliza maswali kwa sauti ya chini, alirudisha karatasi yenye mistari miwili tu. Aliandika: Hakuna kosa. Mpigaji huyu anakwepa, kwa sababu asiyejua angepatia hata mara moja kwa bahati.

Nilimwita ofisini.

“Shikamoo mwalimu.”

“Marahaba. Nani amekwambia haya?”

“Hakuna mtu, mwalimu. Nimesikia tu.”

“Umesikiaje?”

“Mwalimu, mtu akipapasa gizani kuna wakati anagusa mlango. Huyu hajaugusa kabisa. Si anajua ulipo?”

Nilimwambia atoke. Nilimfokea, walimu wa ofisi ya jirani watakuwa walisikia. Kisha nikachukua fomu ya alama, na kwenye safu ya swali la mwisho, mbele ya jina la Zaina, nikaandika sifuri, nikatia sahihi. Hasira zilikuwa zimenijaa. Nilikuwa nimemngoja mtu huyo bila kujua namngoja, na alipokuja alikuja akiwa amechelewa miaka mingi, akiwa na viatu vya mitumba na kalamu ya bluu, na yule aliyetaka kusikia habari zake amelala Gulwe. Nikamwadhibu yeye. Binti hana kosa lolote, na kwa sifuri ile, kwenye swali lenye alama nyingi kuliko yote, atafeli somo na kurudi Chemba bila cheti cha kufundisha muziki.

Huu mkono umejaza fomu ya uongo mara mbili. Mara ya kwanza nilinyamaza, akalipa mtu mwingine. Fomu hii ya pili bado iko kwenye meza ya mkuu wa idara, haijaondoka. Futeni ile sifuri, mwandikieni alama zote za swali, na mumpe na kile kipande kilichoko droo ya chini, akifundishe atakakopangiwa, na jina la Ndahani juu yake.

Sahihi yangu msiifute. Iacheni pale chini ya sifuri mtakayoikata, ionekane nani aliandika.